Vidonge vya Furaha kwenye Arobaini ya Mama

Aibu yangu siifichi, maana hata nikiificha Kinole nzima, kijijini kwetu milimani, wanaijua, na mpaka leo nikipanda kule wapo wakinamama wanaonisalimia huku wanaiangalia mikono yangu, wanataka kuona kama bado inatetemeka.

Mama yangu alifariki wakati wa masika. Yeye hakujua kusoma, na mimi nilianza madrasa ya jioni ya wakinamama huku Morogoro mjini nikiwa na watoto wanaonyoa ndevu (nikitoka sokoni kuuza mchicha naenda kukaa kwenye mkeka kama mtoto wa chekechea), na kila nikienda kumwona alikuwa ananiambia, "Siku yangu Yasini unisomee wewe, mwanangu. Sitaki ya mgeni." Nikamwambia nitasoma, mama.

Baada ya mazishi usingizi ukakata, nalia juu ya mafungu ya mchicha mpaka wateja wanahamia meza ya pili, na usiku joto linanipanda kifuani nafungua madirisha yote. Daktari akaniambia ni huzuni, na umri wa hedhi kukata nao umefika, akanipa vidonge, nivumilie wiki kadhaa. Wallahi vilianza kusaidia, usingizi ukarudi. Lakini kila nikifungua Yasini, sauti inakatika palepale, na arobaini, siku niliyopangiwa kumsomea, hiyo inakuja. Nikawa naogopa nitalia mbele za watu nishindwe kumaliza.

Sasa siku naenda stendi ya Msamvu kupokea mzigo, nikakutana na dada mmoja ana meza ya makopo. "Mama, hivi ni virutubisho, vinaweka homoni sawa, furaha inarudi yenyewe."

"Mi natumia vidonge vya hospitali, mwanangu."

"Haya ni majani tu. Majani hayagombani na kitu."

(Na mimi mtu wa milimani, nimekua nakunywa majani ya kila aina, ningebishaje?) Nikanunua. Siku ya arobaini nikameza vya hospitali, nikameza na vya kopo, tena mara mbili ya kiasi kilichoandikwa, ili nisilie.

Na kweli sikulia. Nimekaa na wakinamama, kitabu mkononi, jasho likaanza kunitoka kama nimemwagiwa ndoo, moyo unakimbia, taya linagonga, na mikono ikaanza kutetemeka, siwezi kuizuia. Bi Tatu, mtani wetu, alikuwa kashavaa gauni la marehemu na kilemba chake, anatembea kama mama alivyokuwa anatembea, mkono kiunoni, watu wanacheka machozi yanawatoka (ndiyo kazi ya mtani msibani, hata ukikasirika unakasirika bure). Akaniona natetemeka, akaanza kuniigiza. "Mtazameni binti yangu, nimekufa juzi tu ameshapata ngoma ya kuchezea!" Watu wakaangua kicheko, na mimi, Mungu anisamehe, nikacheka nao, kicheko kisichokuwa changu, hakikomi. Dada yangu Zena akanong'ona, "Dada, unamcheka mama?" Nataka kumjibu siwezi. Kitabu kikaniponyoka kikaanguka chini.

Kisha nikaanguka na mimi.

Bi Tatu ndiye aliyenidaka kichwa. Nilichokiona ni gauni la mama na kilemba cha mama vimeniinamia, nikasema, "Mama, nisamehe, sijasoma." Mwanamke yule aliyetania misiba ya ukoo wetu wote utani ukamwishia hapohapo, akawa analia, ananipepea na upande wa gauni.

Wakanishusha mjini. Daktari akasema dawa zile na majani yale vinafanya kazi ileile mwilini, vikikutana vinazidishana nguvu, vingeweza kuniua. Hakuyatukana majani, alisema wapo wenye huzuni ndogo yanaowafaa, na wapo wanawake wa umri wangu wanaopewa homoni joto likatulia, ila wanapimwa kwanza, na daktari anajulishwa kila wanachomeza. "Mbona hukuniuliza, mama?" Vya hospitali akanirudishia baadaye, taratibu, na vinanifaa.

Yasini aliisoma Zena, na kitabu alikipangusa na kanga yake mwenyewe. Wanasema alilia kuanzia mwanzo hadi mwisho na hakuna aliyeona ajabu. Hilo ndilo linaloniuma, kwamba ningelia tu, nani angenikataza kumlilia mama yangu?

Siku hizi hata mchaichai namuuliza daktari, mpaka ananicheka. Na kila Alhamisi baada ya magharibi namsomea mama, peke yangu chumbani. Palepale sauti inakatika. Naiacha ikatike, nafuta macho, naendelea.