Tundu la Chini ya Bati

Kitengela, mtu akilalamika kuwa panya wamemhamia, alikuwa anaambiwa: mwite Kaluki, mama yake Kiema. Hakutumia sumu. Panya wa sumu, alisema, hufia mahali usipofika, nawe ukala chakula na harufu yake wiki mbili. Yeye alinyunyiza unga sakafuni, akarudi kesho yake kusoma nyayo, akazifuata mpaka kwenye tundu. Tundu alilisokomeza waya ya kusugulia sufuria, akalipaka simiti, na simiti ikiwa bado mbichi akaibonyeza kwa dole gumba. Maana yake ilikuwa moja: hapa nimefunga mimi, ukiwa na neno niulize mimi.

Goti lilipoanza kumsumbua, kazi ya ngazi alimwachia Musila, mtoto wa mama yake mdogo. Alimfundisha yote, hata kubonyeza dole. Kwa miaka minne Musila alikuwa akishuka na kusema, "Huko juu kumeshikana, dada," naye Kaluki hakuuliza mara ya pili. Wateja aliwaambia neno la Musila ni neno lake.

Kisha Gathoni, mwenye stoo ya maharagwe ya kutoka Entarara, akapiga simu mara ya tatu katika mwaka mmoja.

"Mama Kiema, sasa niko na panya kuliko magunia! Jana mmoja ameniangalia mpaka nikajiona mimi ndio mgeni."

Kaluki alinyunyiza unga. Asubuhi yake, matundu ya chini aliyoyaziba yeye mwenyewe hayakuwa na hata unyayo mmoja. Nyayo zote ziliteremka ukutani.

"Wanatoka juu," alisema.

Gathoni alifuta mikono kwa leso, ingawa haikuwa na vumbi. "Sikutaka kukwambia. Musila alisema macho yako yamechoka, ati matundu ya chini yanakupita. Alisema siku ingine nimwite yeye peke yake."

Kaluki aliomba ngazi.

Alipanda kidato kwa kidato, goti likimlilia. Chini ya bati, ukuta unapokutana na mbao, palikuwa na kiraka cha simiti kilicholainishwa vizuri, na alama ya dole katikati. Alikigusa kwa bisibisi kikavunjika kama ganda la yai. Nyuma yake kulikuwa na kipande cha gunia tu. Pembeni panya walikuwa wametafuna njia, na kingo zake ziling'aa kwa mafuta ya miili yao.

Musila alifika akampata angali juu.

"Dada! Nani amekupandisha huko? Utaanguka!"

"Uliishiwa na waya?" Kaluki aliuliza. Aliomba moyoni aseme ndiyo. Angesema ndiyo, angemsamehe kabla hajashuka.

"Waya ilikuwepo."

"Sasa?"

"Dada, tukifunga tundu zote, nani atatuita tena? Umeziba nusu ya Kitengela. Wewe unaziba, watu wanatusahau." Alieleza kwa upole, kama anayemfundisha mtoto hesabu.

"Na macho yangu?"

Hapo Musila akaangalia magunia.

Kaluki alimwomba Gathoni waya na simiti, akaziba tundu lile mwenyewe. Aliposhuka alikaa juu ya gunia, akatoa simu. Nyumba alizopanda Musila zilikuwa nyingi. Alianza na Lemein, ambaye walimzibia matundu ya jikoni mwaka jana.

"Lemein, sopa," alimsalimu kwa Kimaasai.

"Ipa, mama! Habari ya siku nyingi?"

"Si nzuri. Nilikwambia huko juu kwako kumefungwa. Sikupanda. Sikuona. Nitakuja kesho kuangalia, na kama kuko wazi, kosa ni langu."

"Dada," Musila alinong'ona, "unatuharibia jina."

Kaluki alimuaga Lemein, akatafuta namba ya Mwalimu Ngigi, mteja aliyefuata.