Waliokausha Shamba la Shangazi

Watu wa filamu wakifika Isiolo, huwa wameshaipiga filamu yao kichwani kabla ya kushuka garini. Sisi wapiga picha wa hapa wanatutafuta tuwaonyeshe jua liko wapi. Nimeishika kamera miaka mingi, na bado jambo hilo linanichoma.

Safari hiyo mwongozaji kutoka Nairobi alitaka mkulima mwanamke, nikampeleka Rapsu kwa shangazi yangu. Kiangazi kilipomaliza ng'ombe wake, shangazi alihama kutoka Garbatulla akaanza kilimo cha mfereji huko, na wazee wa ukoo wakamcheka: Mborana gani huyu wa kushika jembe? Sasa ana nyanya, vitunguu na mipapai, na hamwombi mtu chochote. Alikubali kupigwa picha kwa sababu moja tu, waliomcheka waone. Nilimwahidi kwamba wataona.

Nilimpiga picha asubuhi, kabla jua halijawa kali. Nilipima mwanga usoni pake, maana wageni hupima anga, nyuso zetu zikabaki madoa meusi. Mfereji niliuweka nyuma yake, umejaa maji. Mwongozaji aliniambia nigeuze kamera upande wa mawe, nikakataa. Akatabasamu, akasema mengine yatarekebishwa studioni.

Filamu ilipoanza kuzunguka kwenye simu za watu, nami niliifungua kwenye yangu. Mfereji ulikuwa umekatwa kwenye picha. Majani yamebadilishwa rangi yakawa kahawia, na shangazi akipangusa jasho wamemwekea muziki wa msiba. Nilimpigia mwongozaji nikamtukana matusi ambayo mama yangu hajui kama nayajua. Alinijibu nitulie, watu wataguswa.

Wakaguswa kweli. Kwetu mtu akifilisika, ukoo humchangia mifugo. Basi wazee walewale wakakutana, na Ijumaa moja baada ya swala wakafika Rapsu na mbuzi wao wa pole. Kukataa ni kuutukana ukoo, na kupokea ni kukiri kwamba umeshindwa. Nilikuwa nimekwenda kumweleza shangazi yaliyofanyika, nikawakuta. Aliitikia salamu zao, akawapa chai, kisha akawazungusha shambani. Wazee walipita kati ya nyanya wakitazamana. Mmoja akauliza shamba hilo ni la nani.

"Muulizeni huyu," shangazi akasema, bila kunitazama. "Ndiye alishika kamera."

Nikasema ni lake, ndilo lilelile la kwenye filamu, rangi ndiyo iliyochezewa. Nilisema kwa sauti kubwa mno, na nilipoona hawaniamini nikazidi kupaza. Mzee mmoja akanipita, akamsogelea shangazi, akamwambia polepole:

"Dada yetu, filamu tumeiona na macho yetu. Kuazima shamba ya jirani ndio usitiri shida, hiyo si aibu. Shika mbuzi."

Shangazi akaishika kamba.