Kafi Juu, Kafi Chini

Kafi likiwa juu, wageni waende majini. Kafi likiwa chini, watembee kwa miguu. Nikilizungusha hewani, wasubiri kwanza, ziwa halijatulia. Hizo zilikuwa ishara zetu, mimi na Dada, kwa misimu miwili ya kiangazi kwenye mwalo wa Parke. Parke ndivyo watu wa Kalemie wanavyoiita hifadhi ya kando ya ziwa, mwendo wa saa moja kwa pikipiki kutoka mjini.

Dada si mtoto wa mama yangu. Mama yake na mama yangu ni ndugu, lakini tumelala kitanda kimoja tangu nikiwa na miaka minne, na nguo zake zote zilizombana nimezivaa mimi. Yeye alifika sekondari. Mimi niliishia darasa la sita la msingi. Yeye anaongea na mtu yeyote, hata polisi. Mimi mbele ya mtu nisiyemjua naangalia chini. Maneno ninayo, ila yanakuja yamechelewa, mtu ameshaondoka.

Siku za Jumamosi na Jumapili asubuhi wageni walifika Parke: watu wa mashirika, wafanyakazi wa reli na familia zao, watu wa Lubumbashi waliokuja kuona ziwa. Waongozaji walisimama mstari mmoja mbele ya ofisi ya mbao, kila mmoja akaeleza safari yake, na mgeni akachagua. Safari zilikuwa mbili. Ya kwanza ilikuwa kwa kayaki, mitumbwi ile ya plastiki ambayo unakaa chini kabisa, karibu sawa na maji, kafi lake lina bapa pande zote mbili. Mnafuata miamba mpaka ghuba ndogo ambako samaki wanaonekana chini kana kwamba wako ndani ya chupa. Ya pili ilikuwa kwa miguu, kwa njia ya juu ya miamba, mpaka ghuba hiyohiyo.

Njia ya miguu ilikuwa yangu. Bibi yetu alinipitisha huko nikiwa mdogo, tukifuata kuni, na Dada hakuja kwa sababu hakupenda kubeba. Najua jiwe lipi linageuka ukilikanyaga na mti upi furukombe anarudia kila asubuhi, na wageni niliwaonyesha yote kwa mikono. Najua pia mawe mawili yaliyo kabla ya rasi, ambapo watu wa ziwa hawasemi kitu. Unaweka unga kidogo, unapita, na kinywa unakifungua tena ukishavuka kijito. Nilikuwa naweka kidole mdomoni, na wageni wote wananyamaza, hata watoto. Walipenda sehemu hiyo kuliko zote, na mimi nilipenda kuwa mahali ambapo kunyamaza ni kazi.

Kwenye mstari sikusimama. Nilikimbia macho ya watu. Nilibaki chini nikipanga kayaki, hatua kama mia moja kutoka ofisini, na kutoka pale niliwatazama wageni. Anayevua viatu kabla ya kuambiwa, huyo ni wa majini. Anayeangalia kila mahali anapokanyaga, atembee. Mke na mume wanaonuniana usiwaweke kayaki moja. Nilikuwa naamua, kisha nainua kafi au nalishusha, na Dada akiona anawaambia wageni safari inayowafaa, kana kwamba amefikiri mwenyewe. Tulikosea mara chache sana. Nilijivunia ishara zile. Niliona kwamba sisi wawili ni mwongozaji mmoja mzuri sana.

Mwanzoni mwa msimu wa pili alikuja mkuu mpya wa Parke kutoka Lubumbashi. Hakupenda mstari. Alisema unafanana na soko.

“Mwisho wa kiangazi nitachagua wawili tu,” alisema. “Mumoja wa maji, mumoja wa njia. Njo hao watavaa beji. Nitasoma daftari ya wageni, nione wanasifu nani.”

Tulikuwa waongozaji watano. Beji ya njia niliitaka kuliko kitu chochote nilichowahi kutaka, na sikumwambia mtu ila Dada.

“Ya njia ni yako, mudogo,” alinijibu. “Ya maji nitachukua miye. Nani mwingine?”

Msimu huo alikuja Mama mmoja mshonaji, mke wa mtu wa reli. Mara ya kwanza alikuja na mawifi wake wawili, nao walitaka kayaki. Nilimwona ameshika mkoba wake kwa mikono miwili, akitazama maji kama mtu anayetazama mbwa asiyemjua. Nilishusha kafi. Mawifi walikwenda majini, yeye akatembea na mimi, na alipofika ghubani alikuwa anatabasamu.

Mara ya pili alikuja peke yake na aliniletea daftari na kalamu. Ndilo hili ninamoandika.

“Ukitaka kuniambia kitu, andika humu,” alisema. “Usiwe na haraka.”

Nilifurahi sana. Nilidhani Dada amemweleza kwamba nina haya. Kuandika kunanifaa, ingawa naandika polepole. Niliandika: *Jiwe hili linateleza.* Niliandika: *Ndege huyu ana mke mmoja.* Alisoma kila kitu na kucheka mahali pa kuchekea.

Mara ya tatu alikaa ghubani, miguu ndani ya maji, akaanza kusema. Alisema kwa muda mrefu juu ya jambo la nyumba yake ambalo, kwa maneno yake, hata dada yake wa tumbo moja halijui. Alilia, akanawa uso kwa maji ya ziwa. Niliandika: *Pole Mama.* Alinishika kichwa.

“Wewe njo rafiki ya kweli,” alisema. “Kuliko wote.”

Nilirudi nyumbani siku hiyo, nikamwambia Dada kwamba sasa ninaweza kazi hii, kwamba watu wananiamini. Dada alikuwa anachambua ndakala, dagaa wa ziwani. Alisema ndiyo, bila kuinua macho.

Kiangazi kilipokaribia kwisha mkuu alituita wote watano mbele ya ofisi. Siku hiyo ilinibidi nisimame mstarini. Alikuwa na daftari la wageni mkononi. Alisoma kwanza jina la mtu wa maji, naye alikuwa Dada, na tukapiga makofi. Kisha akageukia upande wangu.

“Kurasa mingi zinamusifu huyu binti,” alisema. Halafu akaanza kunisemesha kwa sauti kubwa, neno mojamoja. “Kazi, yako, ni muzuri. Lakini muntu bubu hawezi kuongoza watu. Mugeni akianguka kule, utaita nani? Utaita namna gani?”

Niligeuka nyuma kuangalia anasema na nani. Nyuma yangu palikuwa na ziwa.

Akafungua daftari, nadhani ili kunifariji, akasoma. *Mwongozaji bubu lakini mwenye akili, Mungu ambariki.* *Mikono yake inasema kuliko midomo yetu.* *Tulitaka kwenda na kayaki, tukachagua kutembea ili tumsaidie huyu mtoto.* Hilo la mwisho alilisoma mara mbili, kwa sababu lilimgusa.

Nilimtazama Dada. Alikuwa amesimama na beji yake tayari shingoni. Alishusha kiganja chake taratibu, kama mtu anayeshusha kafi. Nilielewa. Nyamaza.

“Papa,” nilisema, “miye ninasemaka.”

Sauti ilitoka ndogo, na mkuu akauliza ni nani amesema. Mwongozaji mmoja, mvuvi wa zamani anayevaa kofia nyekundu mwaka mzima, alimjibu.

“Njo yeye, Papa. Anasemaka tangu zamani. Kidogo kidogo, lakini anasemaka.”

Wengine walicheka. Mkuu hakucheka. Alifunga daftari.

“Basi nani alidanganya wageni?”

“Hakuna aliyedanganya, Papa,” alisema Dada. “Wageni waliona ishara za mikono, wakajisemea wenyewe.”

“Ah, dada,” alisema wa kofia nyekundu. “Sisi wote tulikusikia. Kila Jumamosi. ‘Mudogo wangu yule kule chini ni bubu, mumuonee huruma, muende naye.’ Sisi tulizani mumepatana.”

Nilingoja Dada amwambie hapana. Nilimtazama mdomo. Najua mdomo ule, najua unavyojikunja kabla ya kusema.

“Tulipatana, Papa,” alisema. “Mudogo mwenyewe njo alitaka. Anaogopa watu. Nisamehe, nilimusaidia tu.”

Mkuu aliniuliza kama ni kweli. Nilitikisa kichwa kukataa. Akaniuliza: misimu miwili, wageni wote hawa, na wewe hukujua? Nilikuwa na jibu. Nilikuwa nataka kusema kwamba nilisimama mbali kwa sababu ya haya, na kwamba mtu aliye mbali hasikii. Ni jibu fupi. Lakini halikuja, na yeye alikuwa ameshageuka.

Dada aliachiwa beji ya maji kwa sababu alikiri. Mimi nilipewa mpaka Jumatatu. Nimlete mgeni mmoja kati ya walioandika, asimame mbele ya mkuu, aseme kwamba ninaongoza vizuri na kwamba nimemwambia ukweli kwa mdomo wangu. Nikishindwa, njia inakwenda kwa mwingine.

Tuliporudi mjini tulipanda pikipiki moja, mimi nyuma yake kama siku zote. Nilimuuliza mgongoni kwa nini.

“Walikuwa wanauliza kila siku,” alisema. “Huyu mudogo wako ana nini? Mbona anakimbia? Niliona haya, mimi. Muntu wa haya wanamuona mujinga. Bubu wanamuonea huruma.”

“Na leo?”

“Leo niliogopa.”

Jumamosi nilikwenda kwa Mama mshonaji. Chumba chake cha kazi kiko karibu na stesheni. Njiani nilirudia sentensi moja mpaka ikalainika. Nilimkuta kwenye cherehani. Aliponiona alitabasamu na kuanza kutafuta karatasi ili niandike.

“Mama, jambo,” nilisema. “Mimi si bubu. Dada yangu njo alisema vile, mimi sikujua.”

Mguu wake ulisimama.

“Kumbe unasemaka.”

“Ndiyo, Mama.”

“Tangu lini?”

“Tangu mutoto.”

Alipanga vifungo vilivyokuwa mezani, vyeupe upande mmoja, vyeusi upande mwingine. “Kule ghubani,” alisema, “mambo yale yote niliyosema. Ungeweza kumuelezea muntu.”

“Sikumuelezea muntu, Mama.”

“Dada yako?”

“Hapana.”

Aliingia msichana aliyekuja kupimwa gauni. Mama alimpima mabega, kifua, kiuno, akaandika, na muda wote huo hakunitazama. Msichana alipotoka aliniuliza ninataka nini. Nilimweleza habari ya mkuu na beji na Jumatatu. Nilisema vizuri. Nadhani sijawahi kusema maneno mengi namna ile kwa mtu asiye wa kwetu.

“Nisimame mbele ya wanaume wale?” alisema. “Wataniuliza nilikwenda mara ngapi. Bwana yangu ataniuliza nilikuwa nafuata nini kule peke yangu. Nitamujibu nini? Nilikuwa naongea na bubu anayesemaka?”

“Sikukudanganya, Mama.”

“Najua. Ni dada yako.” Alirudisha mguu kwenye cherehani. “Lakini mimi nilimuambia yule mwingine. Wewe sikujui.”

Beji ya njia amepewa yule wa kofia nyekundu. Nimesikia kwamba anapofika kwenye mawe mawili anawaeleza wageni kila kitu, kwa sauti, na wanapiga picha. Sikwenda Jumatatu. Sikuwa na mtu wa kwenda naye.

Jumamosi ileile niliporudi kutoka kwa Mama, Dada alikuwa amenitengenezea chai na kuniwekea mikate miwili. Alikaa mbele yangu. Alijua kwa kunitazama usoni.

“Amekataa?”

“Amekataa.”

Alifikiri kidogo. “Siku ile alirudi kutoka ghubani macho mekundu,” alisema. “Nilimuona. Kuna kitu alikuambia.”

Nilikunywa chai.

“Mudogo, sikia. Rudi kwake. Mwambie kama hasimami Jumatatu, utasema. Atakuja mbio, hata viatu hatavaa. Beji utapata.” Alinisogelea, sauti yake tamu, ile aliyokuwa akiwawekea wageni. “Alikuambia nini? Niambie mimi. Kama wewe unaona haya, nitakwenda kumuambia mimi.”

Nilifikiri juu ya jambo hilo. Sitasema kwamba sikufikiri. Nilifikiri juu ya njia, na Jumatatu, na namna ambavyo ingekuwa rahisi, kwa sababu ningesema sentensi moja tu na Dada angefanya yaliyobaki, kama siku zote. Kisha niliweka kikombe chini.

Aliniuliza kama ni mambo ya bwana. Aliniuliza kama ni mtoto. Alicheka, akasema mimi ni dada yake, tangu lini tunafichana. Alikasirika, akasema yote aliyofanya aliyafanya kwa ajili yangu. Sikumjibu. Humu pia sitaandika. Aliendelea kuuliza mpaka chai yangu ikapoa, kisha akaivuta upande wake na kuinywa.