Moshi wa Jiko Langu

Wateja wengine wa hoteli yangu hukaa wakitazama barabara. Yule Mfaransa wa televisheni alikaa akitazama jikoni. Ilikuwa ile Januari ya vita vya uchaguzi, Eldoret imejaa watu waliochomewa nyumba, nami nilipika kwa kuni mbichi. Kila mara kabla ya kuongea alijipangusa midomo kwa kitambaa, hata kama hajala kitu. Sauti ya kuniomba sukari ilikuwa ndogo. Ile ya kuongea na kamera ilitoka tumboni, nzito, kama ya mtu aliyefiwa. Asubuhi moja mji ulikuwa umetulia na moto wote umezimwa. Akasimama uani, akaligeuzia jiko langu mgongo, akamnong'oneza dereva wake, Kimeli.

"Mama Guled, anasema uongeze kuni."

"Kwani chai haijaiva?"

"Si ya chai, Mama," Kimeli akasema, macho chini. "Anataka moshi."

Sikugusa kuni. Mfaransa akaziongeza mwenyewe, akajipangusa midomo, na moshi wa maharagwe yangu ukapanda nyuma ya kichwa chake huku akiuomboleza mbele ya kamera mji unaoungua.

Uchaguzi mwingine ulipokaribia alirudi, nywele nyeupe. Kimeli aliniambia siku hizi huko kwao Ufaransa bosi wake ndiye huulizwa Waafrika wanawaza nini. Mfaransa alikaa palepale, akatazama jikoni kwa muda mrefu.

"Mama, kuni wapi?"

"Siku hizi napika na gesi."

Akajipangusa midomo, akaiacha chai bila kuionja, akaenda kuchungulia jikoni kwa jirani.