Baba wa Kwenye Simu

Nyumba yangu na ya Mama Pindo zimepakana ukuta, kwa hiyo msiniulize nimejuaje. Tunamwita hivyo kwa sababu mapazia yake yote huyaachia pindo refu. Mke wa mwanajeshi hachagui nyumba, hupangiwa. Leo madirisha mafupi, kesho marefu, naye hufumua pindo na kushona upya kwa cherehani ileile. Uhamisho humkuta ndiyo kwanza amepata wateja. Analia siku moja, anafunga mizigo, yamekwisha.

Safari hii shughuli ilikuwa nyingine. Mumewe, Koplo, alipelekwa kambi ya mpakani binti yao akiwa hajaota hata jino, na mtandao wa huko haukubali picha. Mtoto akamjua baba kwa sauti tu. Kila jioni, "Halo, Baba!"

"Shoga," Mama Pindo aliniambia, "akirudi, mtoto akamkataa, nitafanyaje?"

Basi Koplo karudi! Nilitupa mwiko, nikakimbilia kwao na unga mikononi. Mama Pindo anacheka huku anajifuta machozi, Koplo kapiga magoti, mikono wazi. Mtoto akalitazama lile jitu, akajificha nyuma ya cherehani. Mama mtu kicheko kikamkauka.

Kisha binti akaivuta simu ya mama yake mezani, akabonyeza palepale anapobonyeza kila jioni.

Mfuko wa Koplo ukaita. Mimi na Mama Pindo tukashikana mikono. Koplo akageukia ukuta, akapokea.

"Halo, mama."

"Baba," mtoto akanong'ona, "kuna mtu hapa kwetu."

"Yukoje?"

"Mrefu. Mama analia."

"Mwambie asilie. Nimeshafika."

Mtoto akaitoa simu sikioni, akaitazama. Akatoka nyuma ya cherehani polepole, akamzunguka Koplo mpaka akauona mdomo wake.

"Sema tena."

"Nimeshafika, mama."

Weee! Alimrukia shingoni karibu amwangushe! Nilipiga vigelegele mpaka majirani wakatoka nje, na Koplo, mwanajeshi mzima, alilia kwa sauti bila kumwonea haya mtu.

Alipotulia, binti akampokonya simu, akaifukia ndani kabisa ya kikapu cha vitambaa, akakaa juu ya mfuniko.

"Mbona unaificha?" mama yake akauliza.

"Asirudi tena humo."