Niliwalisha Wakwe Chapati ya Nyama, Jogoo Akawika

Ndugu wasomaji, kosa ni langu. Si la mama yangu, si la dada yangu, wala si la yule jogoo. Watu wa kwetu wamewalaumu wote hao, nami nikanyamaza nikiwaacha walaumu. Leo nasema.

Mimi ni mpishi. Jina langu mniachie, na la kijiji chetu pia. Jueni tu ni upande wa Kilolo, kule ambako ukungu unaingia mpaka ndani ya nyumba bila kubisha hodi. Dada yangu nitamwita Yustina, ingawa si jina lake. Ameteseka vya kutosha, asije tena akanyooshewa vidole kwa ajili ya gazeti.

Nilikuwa nimeajiriwa Makongolosi, kwenye machimbo ya dhahabu, nyumbani kwa bwana mmoja wa mitambo na memsabu wake. Bwana alikuwa amefanya kazi ya migodi mpaka huko Meksiko, akarudi na tamaa ya vichapati vyembamba vya kukunjia nyama. Chakula hicho kina jina lake, lakini kwa Kiswahili ni aibu kulitamka mbele ya watu wazima, kwa hiyo silitaji. Memsabu yeye alitaka hambaga, yaani kima iliyofinyangwa duara, ikakaangwa, ikafungiwa ndani ya mkate. Kila jioni ugomvi. Huyu anasukuma sahani, yule anasukuma sahani, na mimi nimesimama mlangoni na kitambaa mkononi.

Jioni moja nilichoka. Nikasukuma vichapati vyembamba, kila kimoja kama kiganja. Juu ya kila kimoja nikapaka kima mbichi yenye chumvi na pilipili manga. Nikavigeuza, nyama ikawa chini, kwenye kikaango chenye moto mkali, nikakandamiza kwa kitako cha sufuria mpaka nyama ikashikana na chapati na kuwa nyekundu pembezoni. Nikatia jibini ya kopo, kabichi na kitunguu cha kuloweka kwenye siki, nikakunja. Ya bwana imo, ya memsabu imo.

Wakala. Hakuna aliyesukuma sahani. Bwana akaomba tena, na memsabu akacheka, kitu ambacho sikuwahi kukisikia katika nyumba ile. Tangu hapo kila katikati ya wiki wakawa wanataka hicho hicho.

Kichwa kikanivimba, wenzangu! Nikajiona mimi ni mtu wa kupatanisha watu kwa kikaango.

Likizo ilipofika nikapanda lori kutoka Mbeya hadi Iringa, na kutoka hapo nikaenda nyumbani kwa miguu. Nilimbebea mama blanketi. Nilibeba pia kikaango changu, siki na kopo la jibini, maana mjinga hasahau vifaa vyake.

Nyumbani nikakuta habari njema. Yustina alikuwa ameposwa na Alfonsi, fundi seremala, kijana mpole wa milima ya ng'ambo. Jembe la posa lilikuwa limeshaletwa na baba alikuwa amelipokea. Kilichobaki ni wazee wa Alfonsi kuja kuzungumza mahari, na kuona nyumba yetu inapokeaje watu. Kwetu hilo la pili ni zito kuliko la kwanza. Na Yustina alimpenda yule kijana. Alikuwa akiimba akienda kuteka maji, akiimba akirudi, na ndoo kichwani.

Wageni walikuwa waje Jumatano jioni. Asubuhi mama akamfunga jogoo mguu kwenye nguzo ya jiko. Jogoo mkubwa, mwekundu, aliyekuwa amewekwa kwa siku hiyo tangu akiwa kifaranga. Mama akachekecha unga wa ugali mara mbili. Mimi nikaingia jikoni na kikaango changu.

"Mama, mwache huyo jogoo. Leo napika mimi."

"Wewe? Jikoni kwangu? Na wakwe wako njiani?"

"Mama, chakula hiki Wazungu wakikila wanasahau hata kugombana."

"Wazungu hawaji kumuoa Yustina."

Alisema hivyo hivyo. Ningekuwa na akili, hapo ningekiweka kikaango chini.

Yustina akaja taratibu, akanishika mkono. "Kaka, basi tusonge ugali kidogo tu. Uwekwe pembeni."

"Ugali utaharibu ladha," nikamjibu.

Mungu wangu! Nilisema maneno hayo mbele ya mama aliyenikuza kwa ugali, na blanketi nililomletea likiwa mabegani mwake. Nadhani ni lile blanketi lililomshinda. Mtoto ametoka mbali, ameleta kitu, ameona mambo. Akaepua chungu cha maji ya ugali, akakaa kwenye kigoda, akanitazama nikikatakata nyama kwa kisu mpaka ikawa kima.

Wageni wakafika jua linazama. Mshenga, shangazi wa Alfonsi, na baba yake mkubwa, mzee mrefu mwembamba ambaye nitamwita Mzee Balitazari. Walikuwa njiani tangu alfajiri, na kwa heshima ya ugeni hawakula popote.

"Kamwene!"

"Kamwene!"

Walipopita jikoni Mzee Balitazari akamwona jogoo kwenye nguzo. Akasimama kidogo. Akatabasamu, akaingia ndani.

Tukawanawisha. Nikaleta sahani mwenyewe, nimevaa kanzu yangu nyeupe ya kazi. Kila mgeni vichapati viwili. Wakavigeuza, wakavitazama, wakala kwa adabu.

"Tamu," akasema Mzee Balitazari.

"Tamu," akasema shangazi.

Mshenga akasema tamu mara mbili, maana ndiyo kazi yake.

Nikaenda kuleta maji ya kunawa. Mzee Balitazari akainua mkono wa kushoto. "Ngoja kwanza, kijana."

Nikangoja. Nikadhani bado anausikilizia utamu. Wote watatu walikaa hivyo, mikono ya kulia imewekwa juu ya magoti, viganja juu, vina mafuta, havijanawa. Mtoto yeyote wa kwetu anajua maana ya mkono usionawa. Na mimi nilikuwa mtoto wa kwetu kabla sijawa mpishi!

Wakazungumza habari za mvua. Wakazungumza habari za pombe ya ulanzi, kwamba mwaka huu mianzi inatoa vizuri. Mazungumzo yakaisha. Baba akanitazama mimi, nami nikatazama ukuta. Sisi tulikuwa tunangoja wageni wanawe ili mahari izungumzwe. Wageni walikuwa wanangoja chakula.

Ndipo jogoo akawika huko nje. Saa za kuwika hazikuwa zake, lakini aliwika, tena kwa kirefu.

Mzee Balitazari akageuza uso polepole kuelekea jikoni.

"Jogoo wenu mzima," akasema.

"Mzima," baba akajibu, "tunashukuru."

"Ana sauti nzuri."

"Tunashukuru."

Mzee akanyoosha mkono wa kulia. "Haya. Lete maji."

Akanawa. Shangazi akanawa, mshenga akanawa. Birika nilishika mimi mwenyewe.

"Mahari tutazungumza siku nyingine, ndugu yangu mnyalukolo," akamwambia baba. "Njia yetu ndefu."

"Hamlali? Giza hili!"

"Hatulali."

Mama akatoka jikoni mbio, mikono ina unga. "Ngojeni, baba zangu! Chungu nimekirudisha motoni, maji yanachemka! Ugali ni sasa hivi!"

"Tumekula, mama," Mzee Balitazari akamwambia kwa upole kabisa. "Tumekula."

Wakaondoka na njaa yao gizani. Yustina alikuwa amesimama nyuma ya mlango, amefunga kanga mpya. Hakulia wala hakunitukana. Alikwenda akamfungua jogoo mguu, akarudi ndani kulala.

Kabla ya Jumapili habari zilikuwa zimeshazunguka milima yote. Kwamba ile nyumba wana uchoyo wa kutisha. Kwamba waliwapa wakwe kitafunio, wakawafungia jogoo mlangoni wamwone kwa macho. Kwamba mama mtu ni bahili, na binti hajui hata kusonga ugali, ndiyo maana haukuletwa. Kuhusu mimi hakuna aliyesema neno. Nani angedhani mwanamume ndiye aliyekuwa jikoni?

Baba akasema twende tukaombe radhi. Tukaenda mimi na yeye. Alibeba kitu kirefu ndani ya gunia, nikadhani ni zawadi, sikuuliza.

Walitupokea vizuri kupita kiasi. Ulikuja ugali mkubwa, moshi unapanda. Akaja kuku mzima, na firigisi ikawekwa mbele ya baba kama inavyompasa mzee. Kikaja kibuyu cha ulanzi. Tulipodhani tumemaliza, ukaja ugali mwingine. Tulikula mpaka nikawa siwezi kuinama. Alfonsi alikaa pembeni, kichwa chini, anachezea kipande cha ubao.

"Mmeshiba?" akauliza Mzee Balitazari.

"Tumeshiba," baba akasema, "tunashukuru."

"Vizuri. Basi tuseme sasa. Sisi hatuna ugomvi na nyie. Lakini mama mwenye mkono mfupi anazaa binti mwenye mkono mfupi. Kijana wetu ni fundi, anarudi jioni amechoka. Hatuwezi kumwozesha njaa."

Wasomaji, hapo ndipo lilipo kosa langu. Chapati ilikuwa ujinga tu, na ujinga unasameheka. Pale nilitakiwa kufungua kinywa niseme: "Wazee, ni mimi. Mama alitaka kuchinja nikamzuia. Yustina alinishika mkono akiomba ugali, nikamkatalia." Maneno machache tu! Baba alinitazama. Alinipa nafasi, alingoja kabisa. Alfonsi naye akainua kichwa.

Nikaona aibu. Mpishi wa Wazungu, mwenye kanzu nyeupe, akiri mbele ya wazee kwamba aliingia jikoni kwa mama yake akaharibu posa! Nikanyamaza, tumbo limejaa ugali wao.

Baba akavuta gunia, akalifungua. Ndani mlikuwa na jembe la posa. Alijua tangu nyumbani kwamba huenda wangelidai, lakini alikuwa na tumaini kwamba nitasema. Akaliweka chini mbele yao, tukaaga.

Njia nzima alitembea mbele, gunia tupu begani. Tulipoliona paa letu akasema neno moja tu: "Umeshiba?"

Alfonsi alioa baada ya mavuno, binti wa upande wao. Yustina siku hizi anateka maji kimya. Wengine walioanza kuulizia habari zake waliambiwa na majirani kwamba ile ni nyumba ya uchoyo, wakapita.

Mwaka huu nilirudi tena likizo. Sikubeba kikaango. Yustina alimchinja yule jogoo, mzee tayari, nyama ngumu kama kiatu. Akasonga ugali laini usio na hata buje moja. Akaniwekea firigisi, na baba yupo hapo hapo amekaa.

"Karibu, mgeni," akaniambia.

Mgeni! Dada yangu wa tumbo moja. Alisimama na birika mpaka nilipomaliza, hakukaa, hakuniacha niache hata tonge. Nilikula huku machozi yananidondoka kwenye mchuzi, naye akiona.

Nyie wapishi wenzangu mliotoka kwenda kazi za mbali, siwakatazi kupika mlivyojifunza huko. Pikeni. Ila kwanza msongeeni mgeni ugali, na jogoo aliyefungwa kwa ajili yake mchinjeni. Na ukishakosea, usingoje kuulizwa. Sema siku ile ile, hata kama umevaa kanzu nyeupe, kwa sababu anayekaa kimya, kuna mtu mwingine anayemlipia.

Gazeti hili huwa linafika kule milimani, hata kama limechelewa, na wapo wanaosomeana kwa sauti. Basi naomba atakayelisoma, asome hapa kwa nguvu, Mzee Balitazari asikie na majirani wasikie. Mama yangu hana mkono mfupi. Dada yangu anajua kusonga ugali. Nimeula.