Polone Aliapa Hatakufa

Juzi nilipita mtaa wa Lumumba, ndugu yangu, nikasikia mama mmoja akigonga sufuria na mwiko, anaita watoto wake waje kula. Ko, ko, ko! Nikaegemea ukuta wa duka la watu. Wapita njia walidhani malaria imenikamata. Hapana. Nilikuwa nimemsikia tate, mama wa mama yangu, aliyenilea, na tate hayuko tena.

Parseli yetu, kiwanja chetu cha nyumbani, ilikuwa na nyumba mbili za udongo. Ile ndogo tate alimpangisha mzungu wa Polonye, kule Ulaya, aliyefika Bunia na watu wa filimu waliokuja kupiga picha za wachimba dhahabu. Wenzake walirudi kwao, yeye akabaki. Alisema kwao hakuna tena mtu anayemngojea. Sisi watoto tulimwita Polone. Kiswahili chake kilikuwa cha kuchekesha, lakini alikiongea bila haya hata kidogo.

Jioni, tate akitwanga sombe, majani ya muhogo, na mimi nikichambua maharagi, Polone alitusimulia kazi zake za zamani. Aliendesha magari ya filimu, akabeba mataa, akashona vifungo vya makoti ya majenerali wa uongo, hata akabweka pahali pa mbwa aliyekataa kubweka. Na kila walipokosa mtu wa kuuawa, walimvalisha nguo wakamwambia afe. Siku moja asubuhi alikuwa askari wa adui, mchana wakamvalisha nguo za upande mwingine, awapige risasi wale wale wa asubuhi.

"Nilijipiga masasi miye mwenyewe," alisema, "na sikujiomba hata pole!"

Tulicheka mpaka maharagi yakamwagika. Halafu tukaanza kelele zetu: Polone, kufa! Polone, kufa! Alichanganya nyanya na mawese ya tate, akajipaka kifuani, akazunguka, akaanguka pu! karibu na kinu. Alilala macho wazi, nzi wanamtembelea mdomoni, na hatikisiki. Aliyeweza kumwamsha ni tate peke yake. Aligonga sufuria na mwiko: "Amuka weye, bugali iko inapoa!" Naye mzungu anafufuka, anaenda kunawa.

Lakini tate mwenyewe hakucheka, na si kwa sababu ya mawese yake. Wakati wa vita watoto wake wawili wa kiume waliletwa katika parseli ile ile wamelazwa juu ya mbao, na hawakuamka. Mangaribi moja uvumilivu ukamwishia.

"Polone, mu hii parseli watu walisha kufa ya kutosha. Kama unapenda kufa, rudia kwenu."

Polone akapiga magoti mbele ya jiko.

"Tate, unisamehe. Tutafanya filimu yetu, hapa hapa. Miye nitakuwa muzee mwenye kurudi kwake. Sitakufa. Mpaka mwisho, niko muzima."

"Apa."

"Naapa."

"Haya, tutaona," tate akasema, lakini nilimwona anatabasamu.

Polone alikitaka kitu hicho kabisa. Maisha yake yote hakuna aliyempa nafasi ya mtu anayefika mwisho wa filimu. Jirani fundi wa cherehani akamshonea koti, mwalimu wetu akashika kamera, mimi nikawa mjukuu wake. Kiangazi chote tulipiga picha. Ikabaki moja tu: mzee anaingia mlangoni, mkewe anamnawisha mikono, anakula.

Mkewe alikuwa tate. Alipika kweli, si kwa kuigiza: bugali, sombe, samaki ya ziwa, harufu ikajaa parseli yote. Polone akatokea mlangoni, kofia mkononi, akanitazama akacheka. Halafu akashika nguzo ya mlango, akaanguka. Hakuzunguka kama siku zote.

"Aa, Polone!" mwalimu akalalamika. "Si uliapa?"

Watoto wakapiga makofi. Tate akakasirika, akachukua mwiko. Ko, ko, ko! "Amuka! Bugali iko inapoa!" Jirani akainama, akamgusa shingo, akajiziba mdomo kwa mkono. Tate alimwona, na bado akagonga. Aligonga mpaka sufuria ikabonyea, sauti yake sasa ni ya kuomba. Hakuna aliyethubutu kumnyang'anya mwiko.

Chakula kile hakikuliwa. Mwalimu alihamia Komanda na kamera yake, sijui filimu iliishia wapi. Tate naye akatutoka, akazikwa, na parseli yetu leo ni depo ya simenti. Hata kinu sikukiona.

Juzi, pale ukutani, watoto wa yule mama walitoka mbio kila upande. Mmoja alikuwa amelala chini kwenye vumbi, anacheza tu. Aliposikia sufuria akaamka, akajipangusa suruali, akaenda kula. Nikalia pale pale barabarani, watu wananitazama.